Sentimita moja, dakika moja: kuunda visiwa vya uchawi wa nuru na wakati

Dola ya kubuni inayoishi kwa uchawi wa nuru huwa inaharibika mahali palepale: hakuna anayejua uchawi unagharimu nini, unapatikana saa ngapi na lini haupatikani kabisa. Mwandishi akikwama, mhusika ananyoosha mkono, mwanga unatoka, mlango unafunguka. Baada ya hapo msomaji hana cha kuhofia. Ndiyo maana mimi huanza na kijiti na mchanga kabla sijampa mfalme jina.

Visiwa ninavyoeleza hapa, Visiwa vya Macheo, nimeviweka kwenye latitudo ya Tanga, digrii 5 na kidogo kusini mwa ikweta, ili kila kanuni niweze kuipima ufukweni Raskazone. Kata kijiti kilichonyooka cha mita 1 na robo. Robo mita izame mchangani, mita 1 kamili ibaki juu. Kisimamishe kwa timazi. Uzi wenye jiwe unatosha. Kuanzia saa tano na nusu, weka kokoto kwenye ncha ya kivuli kila baada ya dakika 5, mpaka saa saba. Kivuli kifupi kuliko vyote ndicho adhuhuri ya kweli. Kijiti kikiinama hata kidogo, kokoto zote zinadanganya, kwa hiyo rudia timazi kila nusu saa, maana mchanga mkavu huachia.

Usishangae adhuhuri isipoangukia saa sita kamili. Saa ya Tanzania imefungwa kwenye longitudo ya digrii 45 mashariki, na Tanga iko kwenye 39 na kidogo. Kila digrii ni dakika 4, basi jua letu huichelewa saa ya ukutani kwa wastani wa dakika 24. Katikati ya Februari adhuhuri hufika kama saa sita na dakika 38. Mwanzoni mwa Novemba, kama saa sita na dakika 7.

Sasa kanuni yenyewe. Kila mji wa Macheo una kijiti chake cha mita 1, na kila sentimita ya kivuli cha adhuhuri ni dakika moja ya wakati unaoweza kusimamishwa: damu ya majeruhi isitoke, moto usipande paa, wimbi lisivunjike. Malipo ni nuru. Aliyechukua dakika 20 anakuwa kipofu dakika 20, mchana kweupe. Nuru na wakati vinaandikwa kwenye daftari moja. Ukivitenganisha utakuwa na chaguzi mbili za uchawi, na wahusika watakimbilia ile rahisi.

Hesabu hii inakupa siasa ya nchi bila jasho. Kwenye latitudo yetu, kivuli cha adhuhuri mwishoni mwa Juni ni sentimita 54 na huelekea kusini. Mwishoni mwa Desemba ni sentimita 33, na huelekea kaskazini. Kwa hiyo baraza la kivuli, pale dakika zinapogawiwa, lazima liwe na milango miwili, na foleni ya wenye shida huhama upande mara mbili kwa mwaka. Na kuna siku mbili, moja kama tarehe 7 Machi, nyingine kama tarehe 6 Oktoba, jua linapita utosini kabisa. Kivuli hakuna. Akiba ya dakika ni sifuri, na siku za jirani ni sentimita chache tu. Mimi hadithi zangu nyingi za Macheo huziweka hapo, kwa sababu hapo ndipo watu wanapobaki watu. Machi ni mbaya zaidi: masika yanakaribia, na chini ya wingu zito kijiti hakina kivuli cha kupima. Mkulima anaomba mvua, tabibu anaomba jua.

Kosa kubwa la rasimu ya kwanza ni kuruhusu kivuli cha saa yoyote. Jua likiwa digrii 5 juu ya upeo, kijiti cha mita 1 hutupa kivuli cha zaidi ya mita 11. Hizo ni dakika 1,140 na ushei, saa 19. Nani atachukua dakika 54 za adhuhuri? Nchi nzima ingesubiri magharibi. Dawa nimeipata kwenye jambo ambalo pwani kila mtu analijua, kuingia kwa wakati wa swala ya Alasiri. Kwa Mashafii, Waislamu wa madhehebu ya Shafii, Alasiri huingia kivuli kinapofikia urefu wa kitu chenyewe, juu ya kile kivuli cha adhuhuri. Akiba ya siku inatumika kuanzia adhuhuri mpaka hapo, kisha inafungwa, iliyobaki inapotea. Juni jiwe la kufungia liko sentimita 154 kutoka kwenye kijiti, Desemba 133, na siku zile mbili 100.

Usiku nimeunyima uchawi, ila mwezi usiuchezee. Mwezi mpevu huchomoza jua linapozama, na hilali huonekana upande wa magharibi kisha ikazama mapema. Ukiandika mwezi mpevu unachomoza saa sita usiku, mvuvi wa dagaa atakifunga kitabu: yeye hutegemea giza ili taa yake ivute samaki, na mbalamwezi ikiwa kali anapumzika.

Kalenda nimeifuata ile ya Nairuzi, mwaka wa jua wa watu wa pwani, inayosherehekewa Makunduchi, Unguja, kwa Mwaka Kogwa: miongo 36 ya siku kumi kumi, na siku 5 za ziada. Jumla 365, bila siku ya mwaka mrefu, kwa hiyo kila miaka 4 tarehe inateleza siku moja. Sheria ya miaka 120 iliyopita inayotaja siku ya kivuli sifuri imeshakosea kwa mwezi mzima.

Siku ya Macheo huanza magharibi, kama yetu: usiku wa Ijumaa ni ule unaotangulia Ijumaa. Akiba inafungwa Alasiri, siku mpya haijaingia. Katikati kuna mwanya wa saa mbili na nusu hadi tatu ambao hauna ulinzi. Sasa angalia maji. Huku kwetu, bamvua, yale maji makubwa ya mwezi mpevu na mwezi mwandamo, hujaa mnamo saa kumi na kupwa mnamo saa nne, na kati ya kujaa na kupwa ni zaidi ya mita 3. Mwamba ambao saa nne asubuhi ungepasua jahazi, saa kumi jioni una maji ya kutosha juu yake. Adui wa Macheo hahitaji mchawi. Anahitaji mwezi mpevu, nahodha anayejua mlango wa mwamba, na subira ya kukaa nje mpaka jiwe la Alasiri liguswe na kivuli.