Gemu kuganda ni nini hasa, kabla hujagusa settingi yoyote

Watu wakisema "gemu yangu inaganda" wanamaanisha vitu vinne vitano tofauti kabisa, na ndo maana ushauri wanaopewa mara nyingi haufanyi kazi, huyu anakwambia shusha grafiksi, yule ongeza RAM (kumbukumbu ya muda ya kompyuta), mwingine apdeti draiva (programu inayoiwezesha Windows kuongea na kifaa), mwingine piga Windows upya, na wote wanaweza kuwa sahihi kwa tatizo lao wao ambalo sio lako. Kwahiyo tuanze na jambo lenyewe.

Gemu haiendeshwi kama video. Video picha zake zishatengenezwa zamani, kompyuta inazifungua tu na kuonyesha. Gemu inachora kila picha hapohapo unavyocheza, na picha moja ndo tunaita fremu. Ndani yake kuna mzunguko unaojirudia bila kukoma: soma mchezaji kabonyeza nini, piga hesabu nani kasogea wapi na risasi imempata nani, andaa maelekezo ya kuchora, yatupie kadi ya picha, onyesha, rudi mwanzo. Gemu ya fremu 60 kwa sekunde ina kama milisekunde 16.7 tu za kumaliza mzunguko mzima, ya fremu 30 ina milisekunde 33 hivi. Mzunguko mmoja ukichukua milisekunde 100 unaona kishtuko kidogo, ukichukua nusu sekunde unaona imekwama afu imeendelea, ukichukua sekunde tatu unasema imeganda, na usipoisha kabisa ndo unaishia kuizima kwa nguvu. Ni jambo lilelile, urefu wake ndo unatofautiana.

Na mzunguko hauchelewi hivihivi. Karibu kila mara kuna kitu unakisubiri: faili kutoka kwenye diski, jibu la GPU (ndo hiyo kadi ya picha), nafasi kwenye RAM, au kipande kingine cha gemu hiyohiyo kimalize kazi yake. Swali la maana mbele ya skrini iliyoganda ni hilo tu, hii inasubiri nini? Ukishalijibu nusu ya ushauri wa watu unautupa bila hata kuujaribu.

Tuondoe kwanza kinachochanganya. Unacheza mtandaoni na wenzio, unaona wachezaji wengine wamesimama au wanarukaruka kutoka hapa mpaka kule, lakini we mwenyewe ukigeuza mausi kamera inageuka vizuri, hapo hamna kuganda, hiyo ni intaneti au seva. Mzunguko wa kwako unaenda, habari za wenzio ndo hazifiki. Kukrash nako ni kingine, gemu inajifunga inakurudisha kwenye desktopu, na kiukweli hiyo ni afadhali maana mara nyingi inaacha ujumbe wa kosa. Kuganda hakusemi kitu, inabidi ukisomee dalili.

Sasa gemu ikiganda usikimbilie kitufe cha kuzima. Tulia kidogo, sikiliza. Sauti ikoje? Kwenye magemu mengi sauti ina thredi yake pembeni (thredi ni mstari wa kazi unaoenda sambamba na mingine ndani ya programu), kwahiyo kama muziki unaendelea kupiga vizuri huku picha imesimama, kompyuta iko hai na hata gemu yenyewe sehemu yake iko hai, kilichokwama ni ule mzunguko mkuu au kadi ya picha. Ila kama sauti imegeuka ule mlio wa kukera, brrrrrrr, kipande kilekile kifupi kinajirudia, hali ni nzito zaidi. Kadi ya sauti inasoma kutoka kwenye eneo dogo la kumbukumbu kwa kuzunguka, ikifika mwisho inarudi mwanzo, na prosesa (CPU, ubongo wa kompyuta) ndo inatakiwa ilijaze sauti mpya kila mara, sasa prosesa ikisimama kadi inaendelea kusoma yaleyale yaliyobaki humo. Huo ndo mlio unaousikia.

Afu bonyeza Caps Lock uangalie taa yake. Kwenye kibodi za kawaida za USB taa hiyo haijiwashi yenyewe, mfumo wa Windows ndo unaiamuru iwake. Ikiwaka na kuzima kila ukibonyeza, Windows iko hai na tatizo liko kwenye gemu au karibu nayo. Isipofanya chochote hata ukisubiri, mashine nzima imesimama, na hapo kushusha ubora wa vivuli sijui majani ni kupoteza mda, unatafuta kwenye vifaa vyenyewe au draiva.

Windows nayo ina kipimo chake. Dirisha la programu likikaa sekunde 5 bila kupokea ujumbe inaotumiwa na mfumo, linawekewa maandishi ya Not Responding na kupauka. Watu wakiona hivyo wanaua gemu palepale, kumbe alama hiyo inasema tu kwamba programu haijajibu. Gemu inayolodi ramani kubwa kutoka kwenye diski ya taratibu inaweza kukaa kimya zaidi ya sekunde 5 afu ikarudi vizuri. Ipe dakika moja mbili. Wakati unasubiri fungua Task Manager, dirisha la Windows linaloonyesha programu zinazoendelea, kwa Ctrl+Shift+Esc, skrini ikigoma kuionyesha pita kwa Ctrl+Alt+Delete, tafuta gemu yako uangalie safu ya CPU. Ikiwa iko 0% muda wote, imelala, inasubiri kitu ambacho hakiji. Ikiwa imeng'ang'ania namba ileile, tuseme karibu 12 au 13% kwenye prosesa inayoweza kuendesha thredi 8 kwa mpigo, basi kuna thredi moja inakimbia kwa nguvu zake zote bila kufika popote, inazunguka humohumo, na hilo kwa kawaida ni kosa la waliotengeneza gemu, settingi zako hazihusiki.

Anayesubiriwa zaidi ya wote, kwa mtazamo wangu, ni diski, na ndo anayesahaulika kwa sababu watu macho yote yako kwenye GPU. Magemu yenye dunia kubwa hayalodi kila kitu mwanzoni, yanaleta vipande kadri unavyosogea. HDD, ile diski ya aina ya zamani, ina sahani inayozunguka, nyingi ni mara 5400 au 7200 kwa dakika, na kichwa cha kusomea kinachohama kuifuata data ilipo, safari moja inaweza kula milisekunde kumi hivi au zaidi. Sasa rudi kwenye zile 16.7 za fremu nzima, faili mbili tu zilizokaa sehemu tofauti na tayari mda umepita. SSD, diski ya chipu, haina kinachohama, inajibu ndani ya sehemu ndogo sana ya milisekunde, ndo maana mtu anahamishia gemu kwenye SSD bila kubadili kingine chochote na kuganda kunakata. Dalili yake iko wazi: inaganda ukikimbia kuingia eneo jipya, ukisimama sehemu moja hamna shida, na Task Manager inaonyesha diski 100%. Kama iko 100% hata gemu haijafunguliwa basi kuna kingine kinaitafuna, antivairasi inaskani, Windows inashusha apdeti, au diski imeanza kufa. Ukihisi hilo la mwisho nakili vitu vyako vya muhimu kwanza, uchunguzi utaendelea baadae.

RAM ikijaa nayo inaishia kulekule kwenye diski. Windows inachukua data ambayo haijaguswa mda mrefu inaihamishia kwenye faili maalum la diski ili kupata nafasi, na gemu ikiitaka tena inabidi isubiri irudishwe. Dalili ni kwamba saa ya kwanza unacheza safi afu inazidi kuwa mbaya, na ukibadili dirisha kwenda kwenye brauza inachukua mda mrefu kurudi. Funga brauza kabisa ujaribu, hiyo haina gharama. Kumbukumbu ya GPU ni hadithi hiyohiyo, teksicha (picha zinazobandikwa juu ya vitu vya kwenye gemu) zikizidi nafasi iliyopo zinakuwa zinahamishwa kwenda na kurudi RAM, na hapa ndo kushusha grafiksi kunasaidia kweli, ila shusha teksicha, sio kila kitu.

Kuna kuganda kwingine kwa ajabu kidogo: mara ya kwanza unaona mlipuko fulani gemu inakwama nusu sekunde, mara ya pili mlipuko uleule hamna kitu. Hizo ni sheda. Ni programu ndogondogo zinazoielekeza GPU ipake rangi na mwanga vipi, na kwenye PC haziwezi kuja zimeshatayarishwa kabisa maana kila aina ya GPU na kila toleo la draiva lina mahitaji yake, kwahiyo zinamaliziwa kwenye mashine yako. Gemu iliyotengenezwa vizuri inafanya hivyo kabla hujaanza, ule mstari wa kusubiri unaosema inaandaa sheda, ambao watu wanauruka kwa haraka zao afu wanalalamika. Acha umalize. Na ukiapdeti draiva zinaanza upya, usishtuke ikikwamakwama siku hiyo.

Tukija kwa GPU yenyewe, tangu Windows Vista kuna utaratibu wa kuiangalia. GPU ikipewa kazi ikakaa sekunde 2 bila kujibu, Windows inahesabu kwamba imekwama na inaiwasha draiva upya. We unachoona ni picha kuganda, skrini inakuwa nyeusi kidogo, inarudi, na gemu mara nyingi inakuwa ishakufa. Ushahidi unabaki kwenye Event Viewer, daftari la matukio la Windows, tafuta tukio namba 4101 saa ileile ilipotokea. Ukilikuta usihangaike na diski wala intaneti, kama uliongeza kasi ya GPU irudishe ya kiwandani, kama shida imeanza baada ya kuapdeti draiva rudi toleo la nyuma, na kama hakuna hayo basi fikiria umeme unaoifikia kadi au kadi yenyewe. Kuna njia ya kujaribu ikiwa picha imeganda na sauti inaendelea, bonyeza Windows+Ctrl+Shift+B, inaamuru mfumo wa picha uanze upya bila kuzima kompyuta. Haiokoi kila mara.

Joto linasingiziwa sana. Ndio, vumbi likiziba feni shida inakuja, lakini prosesa nyingi zikikaribia nyuzi 95 mpaka 100 zinapunguza kasi zenyewe kujilinda, kwahiyo unachopata kwanza ni fremu kushuka, gemu inakuwa nzito, sio kuganda kabisa. Likizidi zaidi ya hapo mashine inajizima yenyewe. Kama gemu inaganda dakika ya pili tu baada ya kuwasha, wakati feni hata haijaanza kupiga kelele, joto liache.

Ile ya mashine nzima kusimama na mlio wa brrrr ndo ngumu, na mshukiwa wa kwanza ni RAM. Watu wengi wanawasha XMP, settingi ya kasi ya RAM, kwenye BIOS (programu inayowaka kabla ya Windows) ili RAM iende kasi iliyoandikwa kwenye boksi, lakini huko ni kwenda juu ya kasi ya kawaida na sio kila mchanganyiko wa prosesa, ubao mkuu wa kompyuta (motherboard) na RAM unakubali. Zima XMP, cheza kama kawaida yako. Kuganda kukiisha umepata jibu bila kununua kitu. Kusipoisha pima kwa MemTest86, programu ya kupima RAM, iache izunguke usiku kucha, kosa hata moja linatosha kuishuku hiyo RAM.

Mwisho kuna kuganda ambako kila kitu kiko sawa, diski imetulia, RAM ipo, hamna joto, CPU 0%, na gemu imesimama. Mwaka 1965 mtaalamu wa kompyuta Mholanzi, Edsger Dijkstra, aliwapa wanafunzi swali la mtihani ambalo baadae lilikuja kujulikana kwa sura ya wanafalsafa watano mezani: uma ziko tano, kila mmoja anahitaji mbili ndo ale, wote wakiokota wa kushoto kwa wakati mmoja, kila mtu anakaa anasubiri wa kulia ambao mwenzake kaushika na hauachii. Ndani ya gemu inakuwa hivyohivyo kati ya thredi mbili, hii imeshika data ya ramani inasubiri ya sauti, ile imeshika ya sauti inasubiri ya ramani. Na kwa sababu inategemea nani kawahi kwa sehemu ya milisekunde, leo inatokea kesho haitokei, hata ukirudia vilevile. Kwa upande wako unachoweza ni kuzima programu zinazojichora juu ya gemu, za kurekodi, za chati, za kuonyesha FPS (idadi ya fremu kwa sekunde), maana zinajiingiza kwenye ule mzunguko na saa zingine zenyewe ndo chanzo. Ikiwa inaganda sehemu ileile kila ukifika, hakiki faili za gemu kupitia duka ulilolichukulia, kama ni Steam iko kwenye Properties za gemu, inalinganisha faili zako na zinavyotakiwa kuwa na kushusha zilizoharibika tu.

Zikiwa nzima na bado inaganda, hilo ni la watengenezaji, ila usiwaandikie "gemu inaganda" peke yake. Ikiwa bado imeganda, kabla hujaiua, nenda Task Manager, klik ya kulia kwenye gemu kwenye orodha ya Details, chagua kutengeneza dump file. Humo wanaona kila thredi ilikuwa imesimama wapi na inasubiri nini. Faili linaweza kufika gigabaiti kadhaa kwa sababu linabeba kumbukumbu yote ya gemu, waulize kwanza wanalipokeaje.