Manmohan Singh hakuufungua uchumi wa India peke yake
Kwa miaka mingi imeaminika kwamba Manmohan Singh, profesa wa uchumi aliyekuwa Waziri wa Fedha wa India kuanzia 1991 hadi 1996, aliufungua uchumi wa nchi hiyo peke yake. Hilo si sahihi. Bajeti yake ya tarehe 24 Julai 1991 ilikuwa ya kijasiri, lakini sera mpya ya viwanda, iliyofuta leseni katika sekta nyingi na ambayo kwa maoni yangu ndiyo kiini cha mageuzi, ilitangazwa siku hiyohiyo na wizara iliyokuwa chini ya Waziri Mkuu P. V. Narasimha Rao mwenyewe. Serikali hiyo haikuwa na wingi wa viti bungeni. Profesa alijenga hoja, na Rao akaitafutia ulinzi wa kisiasa.