Kursk: mabaharia hawakugonga kuta kwa siku nyingi

Bado inasimuliwa kwamba mabaharia wa Kursk, nyambizi ya Urusi iliyozama Bahari ya Barents tarehe 12 Agosti 2000, waligonga kuta siku nyingi wakisubiri kuokolewa. Sivyo. Wengi kati ya 118 waliuawa na milipuko miwili ya mwanzo. Walionusurika, 23, walijikusanya chumba cha tisa, nyuma kabisa. Ofisa Dmitri Kolesnikov akaacha ujumbe wa maandishi. Uchunguzi wa Urusi ulihitimisha kuwa nao walikufa ndani ya saa nane hivi: kifaa cha kuzalisha oksijeni kiligusana na maji yenye mafuta, moto ukaripuka, ukaimaliza hewa. Urusi ilikubali msaada wa Norway na Uingereza tarehe 16. Kuchelewa huko kunastahili lawama (na familia zilidanganywa mengi), ila wazamiaji wa Norway, waliofungua mlango tarehe 21, wasingewakuta hai hata wangeitwa siku ya pili.