Kwale wa Udzungwa si "ndege wa kigeni"

Juzi nimelisikia tena, safari hii kwa kijana anayeongoza watalii: eti kwale wa Udzungwa ni ndege wa kigeni, kwao Asia. Nilinyamaza kwa sababu wageni wake walikuwa wanasikiliza.

Kwa ufupi, ni kwale wa kahawia mwenye michirizi na mdomo mwekundu, anayechakura majani makavu kwenye misitu ya milimani kama Ndundulu na Nyumbanitu. Yumo katika familia ya fezanti, tausi na kuku. Kanga hayumo, ana familia yake. Ndugu yake yuko milima ya Rubeho. Nje ya milima hiyo ya Tanzania humkuti.

Balaa lilianzia kwenye jina la kisayansi alilopewa mwaka 1994, Xenoperdix. Perdix ni kwale kwa Kigiriki. Xenos, mtu akatafsiri mbio mbio, "wa kigeni". Akaja kusikia kwamba jamaa zake wa karibu ni kwale wa milima ya Asia, basi akampandisha jahazini. Anayestahili hadithi hiyo ni kunguru wa India, aliyeletwa Unguja mwishoni mwa karne ya 19. Kwale huyu na wale wa Asia walitengana mamilioni ya miaka iliyopita, hakuna mtu wa kumleta yeyote popote. Kama kuna kuku wa kienyeji, basi huyu ni kwale wa kienyeji hasa.

Tena xenos halihitaji kuteswa hivyo, maana Kiswahili kina neno linalolitosha kabisa: mgeni. Kama xenos, ni aliyekutembelea na pia ni usiyemjua. Nikisema "sura hii ngeni kwangu" sijasema umetoka ng'ambo, nimesema sijakuona kabla. Mwaka 1991 watafiti wakiwa kambini msituni waliona ndani ya sufuria miguu ya ndege wasiyoitambua. Ugeni wenyewe ndio huo. Sidhani kama aliyemnasa ndege yule alishangaa kiasi hicho.

Kwa hiyo, mdogo wangu, ukitaka kulitafsiri jina mbele ya watalii, sema "kwale mgeni", hilo "wa kigeni" liache. Wakikuuliza mgeni kwa nani, waambie kwa waliokuwa wameshika sahani.