Kipepeo wa bluu anayelelewa na sisimizi

Ukipanda milima ya Alps mwezi wa saba, kwenye malisho kuna mmea mfupi wenye maua ya bluu, kitaalamu Gentiana cruciata, sasa inama uangalie majani yake vizuri, utakuta vidoti vyeupe kama punje za chumvi. Hayo ni mayai ya kipepeo Phengaris rebeli. Dume ni bluu haswa, jike amefifia kidogo kuelekea kahawia. Watu wengi wakishampiga picha wanaondoka, ila mambo yenyewe yako chini ya ardhi.

Kiwavi anakula ua wiki mbili tatu hivi, alafu jioni moja, bado kadogo kabisa, anajidondosha chini na kutulia. Haendi popote. Anasubiri sisimizi mwekundu wa kundi la Myrmica apite, na sisimizi akimpapasa ananusa harufu ya watoto wa kwao, basi anambeba kwa taya mpaka nyumbani anamlaza chumba cha watoto. Tunasema mgeni njoo mwenyeji apone, hapa mwenyeji haponi! Kiwavi analishwa mdomo kwa mdomo karibu mwaka mzima, wengine karibu miaka miwili, na chakula kikipungua sisimizi wanaua watoto wao wenyewe ili yeye ale. Mwaka 2009 watafiti walionyesha kwamba anaigiza hata sauti ya malkia wao, yaani humo ndani anaheshimiwa kama bimkubwa.

Ila na yeye ana wa kwake. Kuna nyigu, Ichneumon eumerus, anaingia humo humo, anamwaga kemikali sisimizi wanaanza kung'atana wenyewe kwa wenyewe, yeye anapita katikati ya vurugu anataga yai ndani ya kiwavi.

Kwa hiyo mtu akiniuliza tumlindeje huyu kipepeo namwambia uliza kwanza habari za sisimizi na ng'ombe. Uingereza walikuwa na ndugu yake, Phengaris arion, kuna sehemu wakaweka uzio kuzuia wakusanyaji wenye nyavu, kumbe uzio umezuia na mifugo, nyasi zikarefuka, udongo ukapoa, sisimizi wake anayetaka joto akatoweka, na 1979 kipepeo naye akaisha nchi nzima. Wakaanza kumrudisha 1983 kwa mbegu ya kutoka Sweden, na safari hii mifugo wakaiachia ilishe.