Je, wajua kwa nini rekodi za rock zilizofichwa kabatini hutoka zikikaribia miaka 50?

Mwanamuziki katoa albamu 1965, imeuzwa, imepigwa redioni mpaka watu wameichoka, halafu 2015 kampuni inaibuka na boksi la CD 18, ndani yake wimbo ule ule unaanza unakatika, gitaa linakosea, mtu anacheka, wanarudia tena. Wengi wanasema aah ni kusherehekea miaka 50 tu, au wazee wenye hela wanakamuliwa. Hilo la kukamuliwa silikatai hata kidogo, ila kuna kitu kingine kinachosukuma nyuma ya pazia, nacho ni sheria ya hakimiliki ya Ulaya.

Iko hivi. Zamani huko rekodi ilikuwa inalindwa miaka 50, ikiisha yeyote anaweza kuitoa na kuiuza bila kumlipa aliyeimba wala kampuni. Miaka ya 2000 hesabu ikaanza kuwabana watu, manake rekodi za miaka ya 1950 ndo hizo zinaachiwa na za Beatles ziko kwenye foleni, na wasanii wengine wako hai wanaona kabisa mali inaondoka. Cliff Richard, mwimbaji wa Uingereza, alipigia kelele sana jambo hili, mpaka watu wakaibandika jina sheria ya Cliff. Septemba 2011 Umoja wa Ulaya ukakubali, miaka 50 ikawa 70.

Sasa mtego uko hapa. Ile 20 ya nyongeza anaipata aliyekwisha kuitoa rekodi kwa umma. Ulirekodi ukaifungia kabatini, 50 ikapita hujaitoa? Basi imekuponyoka, mtu yeyote Ulaya anaweza kuitoa. (Utunzi wenyewe, yaani maneno na melodi, una hakimiliki yake nyingine inayoenda mpaka miaka 70 baada ya mtunzi kufa, tusichanganye mafaili.) Na hesabu hufungwa 31 Desemba, kwa hiyo kilichorekodiwa 1962 na hakijatoka kilikuwa na muda mpaka mwisho wa 2012.

Ndo maana mwisho wa 2012 Sony, kampuni ya rekodi ya mwimbaji wa Marekani Bob Dylan, walitoa seti ya CD 4 zake, vitu vya 1962 ambavyo havikuwa vimetoka, kopi kama 100 tu, Ulaya tu, tena kwenye CD za kuchoma kama zile tulizokuwa tunachomewa mtaani! Mia moja, kwa msanii kama Dylan. Wala hawakujificha, kwenye jina la seti yenyewe waliandika kwamba ni mkusanyo wa kuongeza hakimiliki. Mwaka uliofuata wakarudia, safari hii santuri 6, kopi 100 tena, na mashabiki wakachanganyikiwa kuzitafuta. Beatles nao 17 Desemba 2013 wakaweka iTunes, duka la muziki la mtandaoni la Apple, rekodi 59 za 1963, kimya kimya. Bendi ya Pink Floyd Desemba 2022 wakamwaga kwenye streaming shoo zao za 1972, moja baada ya nyingine, bila hata tangazo la maana. Ukiona Desemba bendi kubwa inatoa kitu bila kelele, jua kuna mtu ofisini anaangalia kalenda.

Baadaye Sony wakashtuka kwamba kumbe kama ni lazima vitoke si bora tuviuze vizuri. Ndo likaja lile boksi la 2015, kila kitu Dylan alichorekodi studio 1965 na 1966, kopi 5,000 za ile ya CD 18, na mle wimbo wa Like a Rolling Stone umepewa karibu CD nzima peke yake, unawasikia wanautafuta mpaka wanaupata. Mimi hapo ndo naona sheria imetusaidia bila kukusudia, maana bila huo mkwaju sidhani kama kuna mtu angefungua hayo makabati. 2016 zikaja CD 36 za live za 1966, na 2024 CD 27 za ziara ya 1974. Toa 1974 kwenye 2024 uone.

Sio kila boksi lakini. Revolver ya Beatles ni ya 1966 ikarudi 2022, hiyo ilisubiri teknolojia, kwa sababu kwenye baadhi ya nyimbo ngoma, besi na gitaa vilirekodiwa pamoja kwenye traki moja, yaani mstari mmoja wa sauti kwenye mkanda, na hakukuwa na namna ya kuvitenganisha mpaka timu ya Peter Jackson, yule mwongozaji wa filamu, ilipotengeneza programu ya kufanya hivyo. Na albamu ya kwanza ya Queen, bendi ya Freddie Mercury aliyezaliwa Zanzibar, ilitoka 1973 ikafumuliwa na kumiksiwa upya 2024 kwa sababu wenyewe hawakuwahi kuipenda sauti ya ngoma zake. Miaka 51 wamekaa na hilo dukuduku.