Kwa nini Sultani Qaboos wa Omani alimpindua baba yake mzazi?

Tarehe 23 Julai 1970, mjini Salalah, kusini mwa Omani, Sultani Said bin Taimur aling'olewa madarakani na Qaboos, mwanawe wa pekee wa kiume. Wengi husema ni kazi ya Waingereza. Mkono wao ulikuwemo kweli, ila ufa wenyewe ulianzia nyumbani.

Said alimsomesha mwanawe vizuri. Alimpeleka Uingereza, na mwaka 1960 Qaboos akaingia chuo cha kijeshi cha Sandhurst. Akatumikia jeshi la Uingereza huko Ujerumani Magharibi, akajifunza uendeshaji wa serikali za mitaa, akatembezwa nchi mbalimbali. Aliporudi Salalah katikati ya miaka ya 1960 hakupewa kazi yoyote. Aliwekwa kwenye nyumba karibu na kasri, asome dini na historia ya Omani, na wa kumtembelea walikuwa wachache walioruhusiwa na baba. Hapo ndipo Said alipokosea vibaya: alimwandaa mrithi, kisha akamwogopa.

Na Said mwenyewe alikabidhiwa usultani mwaka 1932, akiwa na miaka 21 tu, baba yake Taimur alipojiuzulu! Aliupokea pamoja na madeni, na hofu ya deni haikumtoka tena. Hata mafuta yalipoanza kuuzwa nje mwaka 1967, mkono wake ulibaki mzito. Kufikia 1970 nchi nzima ilikuwa na shule tatu za msingi. Malango ya Maskati yalifungwa usiku, na aliyetoka nje baada ya hapo ilimlazimu abebe taa. Dhofar, mkoa wa Salalah yenyewe, ilikuwa na vita vya waasi dhidi yake tangu 1965, na mwaka 1966 askari wake Said walijaribu kumuua. Akazidi kujifungia. Qaboos, ofisa wa jeshi mwenye miaka 29, aliyaona yote hayo bila kuulizwa neno.

Siku ya siku, kundi dogo la watu waliomuunga mkono Qaboos liliingia kasri likiongozwa na Sheikh Braik bin Hamud, mtoto wa liwali wa Dhofar. Risasi zikalia. Braik akajeruhiwa, na Said akajipiga mguuni kwa bahati mbaya. Akatia saini hati ya kujiuzulu, akasafirishwa kwa ndege ya jeshi la Uingereza hadi Bahrain, kisha Uingereza. Alifia London mwaka 1972.

Qaboos akawaita nyumbani Waomani waliokuwa nje, wakiwemo wengi waliokimbia Zanzibar baada ya Mapinduzi ya 1964. Ndiyo maana Kiswahili kinasikika Maskati mpaka leo.